Kesi ya cheki iliyorudi: sulhu ya barazani haifungi faili la mahakamani



Miaka kadhaa iliyopita, baada ya sala ya Isha, tulikaa barazani Kibokoni watu sita. Wawili kati yetu walikuwa na kesi. Mmoja ni muuza vitambaa, mwenzake ni fundi aliyepata tenda ya kushona sare za shule. Fundi alichukua vitambaa vya shilingi 380,000, akaandika cheki, cheki ikarudi. Muuza vitambaa akasubiri, akapiga simu, akachoka, akaenda polisi. Fundi akashikwa, akafikishwa kortini, akatoka kwa dhamana iliyowekwa na ami yake.

Usiku ule wakapatana. Shilingi 200,000 zilipwe papo hapo, na 180,000 zilizobaki zilipwe kwa miezi minne, 45,000 kila mwezi. Mimi ndiye niliyeshika kalamu. Tukaandika, wakatia sahihi, Fatiha ikasomwa, kahawa ikapita. Fundi alilipa mpaka ndururu ya mwisho.

Kilichotupita sote sita ni kwamba hakuna aliyekwenda kumwambia hakimu. Siku ya kesi kutajwa, mdai hakwenda kwa kuwa haki yake ashaipata, na mshtakiwa hakwenda kwa kuwa deni ashalilipa. Hakimu akaita jina, hakuna aliyeitika, akatoa hati ya kukamatwa. Fundi alishikwa Ijumaa alasiri, siku mbili kabla ya nikaha ya binti yake, akalala seli hadi Jumatatu. Muuza vitambaa alikwenda kituoni mbio, akiapa kwamba hamdai mtu huyu kitu. Afisa alimjibu kwa upole: mzee, mimi siwezi kufuta amri ya hakimu. Nikaha ilisomwa Jumapili, baba akimuwakilisha ami kutoka seli.

Mimi si wakili. Lakini tangu siku ile nimeuliza, nimesoma na nimekaa kwenye benchi za korti nikisikiliza, kwa sababu karatasi ile niliiandika mimi. Haya ndiyo niliyoyapata, nayaweka hapa ili baraza nyengine isirudie kosa letu.

Sheria inasema nini

Kosa la cheki mbaya limo katika Kanuni ya Adhabu, Sura ya 63 ya sheria za Kenya, kifungu cha 316A. Mtu ana kosa akiandika cheki hali ya kuwa anajua moja kati ya mambo matatu: kwamba akaunti haina pesa za kutosha, kwamba akaunti imefungwa, au kwamba yeye mwenyewe ameshaiagiza benki isiilipe cheki hiyo. Adhabu yake ni faini isiyozidi shilingi 50,000, au kifungo kisichozidi mwaka mmoja, au vyote viwili.

Neno la kushika hapo ni "anajua". Cheki kurudi peke yake si kosa. Karatasi ya benki yenye herufi R/D, yaani rudi kwa aliyekuandikia, inathibitisha kwamba hukulipwa. Haithibitishi kwamba mwenzako alijua siku anaandika kuwa hakuna pesa. Jambo hilo ni juu ya upande wa mashtaka kulithibitisha.

Kuna jambo la pili ambalo wafanyabiashara wengi wa Mji wa Kale na Biashara Street hawalijui. Kifungu hicho hicho kinasema kwamba lile sharti la kwanza, la kujua kuwa pesa hazitoshi, halihusu cheki iliyoandikwa tarehe ya mbele. Sasa fungua mtoto wa meza dukani kwako uzitazame cheki ulizonazo. Nyingi ni za tarehe ya mbele: mtu kachukua mali leo, kaandika cheki ya mwezi ujao, na nyote wawili mnajua kwamba leo hana pesa. Hiyo ni ahadi ya kulipa. Kumtishia mtu jela kwa cheki kama hiyo kwa sababu tu pesa hazikutosha ni kumtishia kwa upanga usio na makali. Kama akaunti ilikuwa imefungwa, hapo ni habari nyengine.

Wakati mwengine polisi huandika shtaka la kujipatia mali kwa udanganyifu, kifungu cha 313, ambalo kifungo chake ni hadi miaka mitatu. Hapo pia kuna mpaka. Udanganyifu kisheria ni kusema uongo juu ya jambo lililopita au lililopo sasa. Ahadi ya jambo lijalo, kwamba nitakulipa mwisho wa mwezi, haiwi udanganyifu kwa kuwa tu haikutimizwa.

Makosa haya mawili sheria imeyaweka katika daraja la makosa madogo, si makosa makubwa. Ushike msomaji wangu, kwa sababu mlango wa sulhu unafunguka kwa hilo.

Hukumu haimlipi mdai

Watu huenda polisi wakidhani kwamba mshtakiwa akipatikana na hatia, pesa zao zitarudi. Faini anayotozwa mshtakiwa huingia serikalini. Kama unadai 380,000 na hakimu akamtoza mtu faini ya 40,000, wewe mwenye mali hupati hata senti katika hizo. Akifungwa mwaka mmoja, hana kazi, hana duka, na deni lako limekaa palepale.

Ni kweli kwamba hakimu ana uwezo wa kuamuru fidia baada ya kumtia mtu hatiani. Kifungu cha 31 cha Kanuni ya Adhabu kinamruhusu. Lakini fidia hiyo huja mwisho wa kesi, baada ya mashahidi na kuahirishwa kwingi, na bado itabidi mtu awe nacho cha kulipia.

Kwa mshtakiwa nako hasara haiishi kwenye faini. Anayetiwa hatiani rekodi yake hubaki. Kijana akitaka kwenda kufanya kazi Dubai au Doha ataulizwa cheti cha tabia njema, na alama za vidole vyake zitasema. Pwani hii tunajua ni nyumba ngapi zinakula kwa kazi za Ghuba.

Kwa hivyo sulhu katika kesi hizi mara nyingi ndiyo njia pekee ambayo mdai hupata mali yake na mdaiwa hubakisha jina lake. Ila lazima ifanywe pale inapohesabika.

Kwa nini karatasi ya barazani haitoshi

Ukishapiga ripoti na mtu akashtakiwa, kesi si yako tena. Soma juu ya karatasi ya mashtaka: imeandikwa Jamhuri dhidi ya fulani. Wewe umekuwa shahidi. Anayeiendesha ni kiongozi wa mashtaka kwa niaba ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, na Katiba ya 2010, ibara ya 157(8), inasema kwamba hata Mkurugenzi mwenyewe hawezi kuikatiza kesi bila ya ruhusa ya mahakama. Ikiwa yeye hawezi, itakuwaje sisi watu sita wa baraza?

Wengine husema basi twende kwa Kadhi. Ibara ya 170 ya Katiba imeipa Mahakama ya Kadhi mambo ya hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, kwa Waislamu waliokubali kufika mbele yake. Deni la biashara halimo, na kesi ya jinai halimo kabisa. Sheikh anaweza kuwapatanisha kama mzee anayeheshimika, na ni jambo jema, lakini karatasi atakayoiandika itahitaji safari ile ile ya kwenda kwa hakimu.

Wala Katiba haiipingi sulhu. Ibara ya 159(2)(c) inazitaka mahakama zikuze mapatano, usuluhishi na njia za jadi za kumaliza migogoro. Idara ya Mahakama ilizindua sera ya mifumo mbadala ya haki mwaka 2020 kwa msingi huo. Mwaka 2013 Mahakama Kuu ya Nairobi ilikubali kuikatiza hata kesi ya mauaji baada ya familia mbili kupatana kwa mila na dini yao, uamuzi uliozua mjadala mkubwa. Lakini hata pale, kilichoifunga kesi ni amri ya jaji. Ombi lilipelekwa kortini, likasikizwa, likakubaliwa.

Milango ya sulhu

Mlango wa kwanza ni kabla ya mtu kushtakiwa. Afisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ina sera ya 2019 ya kuwaondoa watu katika njia ya kesi pale makosa si mazito. Mshukiwa hukubali kuwajibika kwa hiari yake, hulipa au huweka mpango wa kulipa, na faili hufungwa kwa masharti. Anayeamua ni kiongozi wa mashtaka, si afisa wa kituoni. Kama mmepatana mapema, andikeni barua ya pamoja, mpeleke nakala kituoni na nakala kwa afisi ya mashtaka, na muombe muhuri wa kupokewa juu ya nakala yenu.

Mlango wa pili ndio mpana zaidi, nao ni kifungu cha 176 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75. Kifungu hiki kinampa hakimu uwezo wa kuhimiza mapatano katika kesi za kupigana kwa kawaida, au kosa jengine lolote la kibinafsi ambalo si kosa kubwa na halikuzidi uzito, kwa kulipana fidia au kwa masharti mengine atakayoyakubali yeye. Kisha anaweza kuamuru kesi isimame au ikatizwe.

Kusimama na kukatizwa ni vitu viwili. Kesi iliyosimama imelala, na inaweza kuamshwa. Kesi iliyokatizwa imekwisha. Kama malipo ni ya mara moja, ombeni ikatizwe siku hiyo hiyo. Kama ni ya miezi, mdai mwenye busara ataomba isimame mpaka malipo ya mwisho, na mdaiwa mwenye busara ataomba iandikwe kabisa kwamba malipo yakikamilika itakatizwa, pamoja na tarehe ya kurudi kuithibitisha. Katika kadhia yetu ya Kibokoni, tarehe hiyo moja ingetosha kumwepusha fundi na seli.

Mlango wa tatu ni kifungu cha 204, kuondoa malalamiko. Mlalamikaji akimridhisha hakimu kwamba ana sababu ya kutosha, kabla ya amri ya mwisho kutolewa, hakimu anaweza kumruhusu, na hapo mshtakiwa huachiliwa na kuondolewa hatia. Kwa mshtakiwa huu ndio mlango mzuri kuliko yote, kwa sababu hawezi kushtakiwa tena kwa jambo hilo. Lakini kumbuka kuwa kesi ni ya Jamhuri: ombi lako lipitie kwa kiongozi wa mashtaka, na uwe tayari hakimu akuulize mwenyewe kama umelipwa na kama kuna aliyekulazimisha.

Mlango wa nne ni kifungu cha 87(a), pale kiongozi wa mashtaka anapoiondoa kesi kwa idhini ya mahakama. Hapa pana mtego kwa mshtakiwa. Kesi ikiondolewa kabla hajaitwa kujitetea, anaachiliwa, lakini anaweza kushtakiwa upya kwa yale yale. Ikiondolewa baada ya kuitwa kujitetea, anaondolewa hatia moja kwa moja. Basi ukiambiwa kortini kwamba kesi yako imeondolewa, usitoke mbio kwa furaha. Uliza karani: imeondolewa kwa kifungu gani? Kisha ulipie nakala ya amri uiweke nyumbani na vyeti vyako.

Si kila kesi itakubaliwa. Mtu aliyewaandikia wafanyabiashara kumi cheki za akaunti iliyofungwa, hakimu anaweza kuona kwamba jambo limezidi uzito, haliko tena baina ya wawili. Na cheki ya kuibiwa au yenye sahihi ya kughushi ni kosa kubwa. Hapo kupokea pesa kwa mapatano ya kuizima kesi ni kosa lenyewe, kwa kifungu cha 118 cha Kanuni ya Adhabu. Baraza isiguse mambo hayo.

Mapatano yaandikwe vipi

Aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, Al-Baqara 282, inahusu kuandikiana madeni na kuweka mashahidi. Tunaisoma, kisha tunaandikiana cheki kwa kujuana. Sulhu nayo ni muamala, iandikwe kwa utimamu wake.

Karatasi iwe na majina kamili na nambari za vitambulisho, nambari ya kesi na jina la mahakama, nambari ya cheki, tarehe yake na kiasi chake. Iseme ni kiasi gani kimelipwa na kwa njia gani, kilichobaki ni kiasi gani, kitalipwa tarehe zipi. Malipo yapite benki au kwa simu ili yaache alama; pesa za mkononi ziwe na risiti kila mara. Iseme nini kitatokea tarehe moja ikipita bila ya malipo, na kama mapatano haya yanamaliza pia madai ya kawaida ya deni au yanamaliza kesi ya jinai peke yake. Watu wengi wameisahau sentensi hiyo ya mwisho, wakajikuta wamelipa korti moja na wanaitwa na nyengine.

Gharama halisi za mdai, kama nauli, tozo ya benki na wakili, zinaweza kuandikwa ndani. Nyongeza ya pesa kwa sababu ya muda tu, hiyo waulizeni masheikh kwanza, msije mkaifunga sulhu kwa riba.

Halafu, na hili ndilo kubwa: wote wawili mwende kortini siku ya kesi, mkiwa na nakala tatu, moja ya hakimu, moja ya kiongozi wa mashtaka, moja yenu. Mpaka hakimu aseme imekwisha, mshtakiwa ahudhurie kila tarehe, na mdhamini wake ajue. Cheki yenyewe kama iko kwenye faili kama kielelezo, ombeni mahakama iiachilie, ichanwe mbele ya wote wawili. Na kama dhamana ilikuwa ya pesa taslimu, ombeni irudishwe siku hiyo hiyo. Wengi huiacha huko kwa kutojua.

Sulhu si kumlazimisha mtu

Kuna upande wa jambo hili tusiupake rangi. Nimeona mama anayeuza mabuibui, mtaji wake wote umo kwenye cheki moja iliyorudi, anazungukwa na wazee wa upande wa mdaiwa: mwanangu samehe, ni jamaa, ana watoto. Yeye hana watoto? Sulhu ambayo mmoja ameona haya kukataa haina radhi ndani yake. Anayetaka kusamehe asamehe, thawabu zake kwa Mola. Anayetaka haki yake kamili asionekane kuwa mtu mbaya.

Upande wa pili nao upo. Wako wadai wanaoitumia seli kama mkusanya madeni: mtu ashikwe Ijumaa ili jamaa zake wachange kabla ya Jumamosi. Mahakama ya Rufani ilionya mwaka 2013 kwamba nguvu za polisi hazifai kutumiwa kumbana mtu katika mzozo ambao kwa asili ni wa madai. Mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na kisiasa, ambao Kenya ni mwanachama, unakataza kumfunga mtu kwa sababu tu ya kushindwa kutimiza mkataba. Na pesa za deni zisipitie mkononi mwa afisa yeyote kituoni. Deni analipwa mwenye deni, kwa risiti.

Mlango mwengine usio na pingu

Mara nyingi njia ya haki zaidi ni kuacha polisi kabisa. Tangu Oktoba 2009, malipo ya shilingi milioni 1 na zaidi hayapiti tena kwa cheki nchini Kenya. Hupelekwa kwa njia ya kielektroniki. Na Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya 2016, husikiza madai mpaka shilingi milioni 1. Maana yake ni kwamba cheki yoyote moja iliyomo katika mtoto wa meza yako leo, mahakama hiyo inaweza kuisikiza. Mombasa inayo. Sheria inaitaka imalize kesi ndani ya siku 60, unaweza kujisimamia bila ya wakili, na unaweza kueleza shida yako kwa Kiswahili.

Huko huhitaji kuthibitisha kwamba mwenzako alijua chochote. Cheki na karatasi ya benki zinasema mengi zenyewe. Hata cheki ya tarehe ya mbele, ambayo kwa jinai ni dhaifu, kwa madai ina nguvu zake. Muda wa kudai ni miaka 6, na mdaiwa akitia sahihi kukiri deni au akilipa sehemu yake, hesabu huanza upya.

Dunia nayo inaelekea huko. Falme za Kiarabu, ambako ndugu zetu wengi waliwahi kuingia jela kwa cheki, zilibadilisha sheria, na tangu Januari 2022 cheki inayorudi kwa upungufu wa pesa tu si jinai tena. Mdai huenda moja kwa moja kwa utekelezaji wa malipo. Udanganyifu bado ni kosa. India, ambako ndiko neno letu hundi lilikotoka, imebakisha jinai lakini sheria yake inaruhusu wazi wahusika kupatana. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya huko iliweka ngazi: mpaka 2025 viwango vilipobadilishwa, aliyepatana mwanzo kabisa hakutozwa kitu juu ya cheki, aliyechelewa mbele ya hakimu aliongeza asilimia 10 ya kiasi cha cheki, aliyefika Mahakama Kuu asilimia 15, na Mahakama ya Juu asilimia 20. Pesa hizo huenda kwa msaada wa kisheria. Hekima yake iko wazi: sulhu ya mapema ni rahisi, ya kuchelewa ina gharama.

Neno la mwisho

Dini yetu imewatenganisha wadaiwa wawili. Aliye katika dhiki apewe muda mpaka apate wepesi, na kumsamehe ni bora zaidi. Aliye na uwezo akachelewesha makusudi, huyo anadhulumu. Kazi ya baraza ni kumjua yupi ni yupi kabla ya kushika kalamu. Wahenga nao walishasema, dawa ya deni ni kulipa.

Fundi wetu bado anashona, na muuza vitambaa bado humpa mali, sasa kwa pesa taslimu. Wote wawili walinisamehe. Ile karatasi niliyoiandika ninayo mpaka leo. Ina sahihi sita, tarehe ya Hijria na ya Miladia, na dua mwisho wake. Nambari ya kesi haimo.